Siku za likizo zisizolipwa baada ya kustaafu chuo kikuu nchini Kenya: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Ukurasa huu ni wa waliokuwa watumishi wa vyuo vikuu vya Kenya, wawe makarani, madereva, mafundi wa maabara, wakutubi, walinzi au wahadhiri, waliostaafu wakiwa na siku za likizo ambazo chuo hakijazilipa. Kama huna nafasi ya kusoma yote, anza na swali la 8. Wanaoshindwa kwa sababu ya kuchelewa ni wengi, na inauma kwa kuwa haki yenyewe walikuwa nayo. Kesi yako ina karatasi zake na tarehe zake, kwa hiyo zipeleke kwa wakili au afisa wa leba kabla ya kuamua lolote.

## Mambo ya msingi

1. Malipo ya siku za likizo yanatofautianaje na posho ya likizo?

Posho ya likizo ni fedha ambazo chuo hukuongezea mara moja kwa mwaka unapokwenda likizo. Msingi wake ni mkataba wa pamoja kati ya chama cha wafanyakazi na vyuo, ule ambao kila mtu huuita CBA. Malipo ya siku za likizo ni kitu kingine: ni mshahara wa siku ulizostahili kupumzika lakini ukafanya kazi, au siku ulizokuwa umeshazichuma ajira ilipokoma.

Chuo hujibu mara nyingi, "Huyu tulimlipa likizo kila mwaka," kisha kikatoa hati za mshahara zinazoonyesha posho. Jibu hilo haligusi dai lako. Katika barua na katika taarifa ya madai, tenganisha hayo mawili tangu mstari wa kwanza. Ukiandika tu "pesa za likizo", umempa wakili wa chuo mlango wa kutokea.

2. Sheria inanipa siku ngapi kwa mwaka?

Kifungu cha 28 cha Sheria ya Ajira ya 2007 kinakupa siku zisizopungua 21 za kazi, kwa malipo kamili, kwa kila miezi 12 mfululizo ya utumishi. Ajira ikikoma katikati ya mwaka, unachuma siku 1.75 kwa kila mwezi uliokamilika, mradi umetumikia angalau miezi 2 mfululizo. Aliyestaafu baada ya miezi 8 ya mwaka wake wa likizo ana siku 14 hata kama mwaka haukutimia.

Hicho ni kiwango cha chini kabisa. Mikataba ya vyuo vikuu huwa mikarimu zaidi, na siku hupanda kulingana na daraja la kazi. Palipo na tofauti, kinachotumika ni kile kinachomfaa mfanyakazi zaidi.

3. Mimi sikufutwa, nimestaafu kwa umri. Bado nina haki ya kudai?

Ndiyo. Kustaafu ni njia mojawapo ya ajira kukoma, na siku ulizochuma hazifutiki kwa sababu uliagwa kwa keki na hotuba. Malipo haya pia hayahusiani na pensheni. Pensheni hutoka kwenye mfuko wake unaosimamiwa na wadhamini, ilhali siku za likizo ni deni la mwajiri mwenyewe. Ukiambiwa usubiri pensheni ishughulikiwe kwanza, fahamu kwamba muda wa kushtaki hausubiri pamoja nawe.

4. Nilikuwa mhadhiri. Chuo kinadai nilipumzika kila muhula ulipofungwa.

Hoja hii hutolewa sana, na hustahili kujibiwa kwa ushahidi kuliko kwa hasira. Wanafunzi wakienda nyumbani, mhadhiri hubaki na karatasi za kusahihisha, vikao vya bodi ya mitihani, wanafunzi wa uzamili wa kusimamia na mtaala wa muhula unaofuata. Darasa kufungwa si likizo. Likizo ya mwaka huombwa, huidhinishwa, na siku zake hupunguzwa kwenye rekodi.

Tafuta basi kumbukumbu za vikao vya idara, orodha za usahihishaji, ratiba za kutetea tasnifu, na barua pepe za tarehe hizo. Angalia pia masharti yako ya kazi, kwa kuwa kuna vyuo ambavyo kanuni zake husema wazi kwamba wanataaluma watachukua likizo wakati wa mapumziko marefu. Kama chako kina kanuni hiyo, itakubidi uonyeshe kwamba siku hizo ulikuwa kazini kwa kutakiwa na chuo. Likizo ya masomo na ile ya utafiti baada ya miaka kadhaa ya kufundisha hazihesabiwi kuwa likizo ya mwaka, isipokuwa mkataba uwe umesema hivyo.

## Siku zilizorundikana

5. Nina siku za miaka mingi nyuma. Zote zitalipwa?

Hapa ndipo penye vita, na ningependa usiingie ukiwa na matumaini yasiyo na mguu.

Kifungu cha 28 kinaruhusu likizo igawanywe kwa makubaliano. Sehemu moja, isiyopungua wiki 2 mfululizo, ichukuliwe ndani ya miezi 12 ileile, na inayobaki ichukuliwe kabla ya miezi 18 kwisha tangu mwisho wa kipindi ilipochumwa. Mawakili wa vyuo hushikilia hiyo miezi 18 na kusema kwamba siku za zamani kuliko hapo zimekufa. Wako majaji waliokubaliana nao na kutoa malipo ya kipindi cha karibuni tu. Wako wengine walioona kwamba mwajiri aliyemnyima mtu likizo hawezi kufaidika kwa kumnyima, hasa pale rekodi zake mwenyewe zilipokuwa zikibeba siku hizo mbele mwaka baada ya mwaka.

Kwa hiyo swali la kujiuliza ni moja: nani aliandika kwamba siku hizo zipo? Kama barua ya chuo ya kukustaafisha inataja salio lako la likizo, una kesi nzuri. Kama salio hilo liko kwenye kumbukumbu zako peke yako, anza leo kutafuta maombi uliyokataliwa. Ombi lililojibiwa "subiri mpaka tupate wa kushika nafasi yako", likiwa na saini ya mkuu wa idara, lina uzito kuliko mashahidi watatu.

6. Mwongozo wa wafanyakazi unasema likizo isiyotumika inapotea. Basi imekwisha?

Si lazima. Kifungu cha 3 cha Sheria ya Ajira kinasema masharti ya sheria hiyo ni ya chini kabisa, na makubaliano yoyote ya kuyaacha au kuyapunguza ni batili. Mwongozo wa chuo hauwezi kufuta zile siku 21. Unachoweza ni kuweka utaratibu kwa siku zinazozidi hapo, kwa maana sheria inaacha siku za ziada ziamuliwe na mwajiri na mfanyakazi.

Mahakama itaangalia nani alisababisha likizo isichukuliwe. Mtu aliyekumbushwa kila mwaka, akapewa fomu na asiijaze, amesimama pabaya. Aliyeomba akakataliwa kwa sababu za kazi hawezi kuadhibiwa kwa kutii.

7. Nilipewa likizo ya mwisho kabla ya kustaafu, lakini niliendelea kuitwa ofisini.

Vyuo vingi humtuma mtumishi nyumbani miezi michache kabla ya tarehe ya kustaafu ili amalize siku zake. Ni utaratibu halali, na ukienda kweli, siku hizo zimelipwa. Shida ni yule anayeaminiwa na funguo za stoo, au anayejua mfumo wa mishahara peke yake, ambaye huitwa kila wiki "kwa saa moja tu".

Siku uliyoitwa kazini haikuwa likizo. Ithibitishe kwa daftari la walinzi getini, hati ulizotia saini siku hiyo, au ujumbe wa simu wa aliyekuita. Orodhesha siku hizo kwa tarehe. Kusema "niliitwa mara nyingi" hakutakusaidia.

## Muda wa kushtaki

8. Nina muda gani wa kwenda mahakamani?

Miaka 3. Hayo ndiyo maneno ya kifungu cha 90 cha Sheria ya Ajira, ambacho katika toleo jipya la sheria kimechapishwa kama kifungu cha 89, kwa hiyo usishtuke ukiona namba zote mbili. Miaka hiyo huhesabiwa tangu kitendo au uzembe unaoulalamikia, na kwa mstaafu kawaida ni tarehe ajira ilipokoma. Mahakama ya Rufani imekwisha sema kwamba jaji hana uwezo wa kuongeza muda huu. Ugonjwa, umaskini na wakili mzembe havitakuokoa.

Kuna mtego ndani ya kifungu hichohicho. Kinasema kwamba dhara linaloendelea lishtakiwe ndani ya miezi 12 tangu lilipokoma. Wastaafu wengi hulipenda neno "linaloendelea", maana linaonekana kufungua mlango wa miaka ya nyuma: nilinyimwa likizo kila mwaka, basi dhara liliendelea hadi siku niliyoondoka. Lakini ukijenga dai lako juu ya hoja hiyo, una mwaka mmoja tu baada ya kustaafu, si mitatu. Aliyestaafu tarehe 30 Juni 2024 akitaka kusema hivyo alipaswa kufungua kesi kabla ya mwisho wa Juni 2025. Kwa dai la salio lililokuwepo siku ya kustaafu, mwisho wake ni Juni 2027.

Ushauri wangu ni mkali kwa makusudi: fungua kesi ndani ya miezi 12. Hakuna anayepoteza kwa kuwahi.

9. Nimekuwa nikiandikiana na chuo, na wameniahidi kulipa "fedha zikipatikana". Je, muda umesimama?

Haujasimama. Barua, vikao, ahadi za simu, hata mazungumzo kwa afisa wa leba, vyote vinaendelea huku miaka 3 ikihesabika. Vyuo vya umma vina madeni makubwa kwelikweli, na anayekuahidi pengine anakusudia kulipa. Nia yake njema haitasomwa na jaji anapohesabu tarehe.

Ahadi ya maandishi ihifadhi, kwa kuwa ni ushahidi mzuri kwamba deni lipo (tazama swali la 5). Ila usiikubali iwe mbadala wa kufungua kesi. Kesi iliyofunguliwa inaweza kusuluhishwa wakati wowote, na mara nyingi mazungumzo hupata kasi chuo kikishapokea hati za mahakama.

10. Baada ya kustaafu nilipewa mkataba wa miaka 2. Muda unaanza lini?

Chukulia kwamba kuna ajira mbili, na kila moja ina muda wake wa kushtaki. Siku za ajira ya kwanza zilianza kuhesabiwa muda ulipostaafu, si mkataba ulipokwisha. Wengi hunyamaza kwa kuogopa mkataba usihuishwe, na unapokwisha miaka 2 imekwenda. Njia ya kujikinga ni kuomba barua ya mkataba mpya iseme waziwazi kwamba salio la likizo la awali limebebwa mbele.

## Ushahidi na hesabu

11. Sina karatasi yoyote. Faili langu liko kwao.

Sheria inakusaidia hapa kuliko unavyodhani. Kifungu cha 74 kinamtaka mwajiri atunze rekodi za likizo ya kila mfanyakazi: siku anazostahili, alizochukua na zilizobaki. Kifungu cha 10 kinaongeza kwamba maelezo ya ajira yatunzwe miaka 5 baada ya ajira kukoma, na mwajiri asipoyaleta mahakamani, mzigo wa kuthibitisha sharti linalobishaniwa unamwangukia yeye. Mstaafu hapaswi kulia kwamba faili liko chuoni. Aseme, kwa barua, kwamba chuo ndicho chenye wajibu wa kulileta.

Kwa chuo cha umma unayo pia Sheria ya Kupata Taarifa ya 2016. Andika ombi kwa afisa mkuu wa chuo ukitaja namba yako ya kazi na kile unachotaka: kadi ya likizo, maombi na majibu yake, barua ya kustaafu, na hesabu ya mafao. Wana siku 21 za kujibu. Wakikaa kimya, unaweza kulalamika kwa Tume ya Haki ya Utawala. Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019 nayo inakupa haki ya kuona taarifa zako binafsi, na hiyo inagusa hata vyuo vya kibinafsi.

Wajibu wa chuo haukuondolei wako. Lazima utaje idadi ya siku, mwaka kwa mwaka. Dai la "likizo zote ambazo sikuchukua" hutupwa hata chuo kisipoleta rekodi.

12. Siku moja ya likizo ina thamani gani?

Wengi wanajua idadi ya siku zao, kisha wanakubali hesabu yoyote ya fedha wanayoletewa. Angalia tofauti. Tuseme mshahara ni shilingi 84,000 kwa mwezi na siku zinazodaiwa ni 42 za kazi. Ukigawanya mshahara kwa 30, utapata shilingi 117,600. Ukigawanya kwa 26, yaani wiki ya kazi ya siku 6, ni takribani 135,692. Ukigawanya kwa 22, wiki ya siku 5, ni takribani 160,364. Ni mtu yuleyule na siku zilezile, na pengo linazidi shilingi 42,000.

Sheria inazungumzia siku za kazi, kwa hiyo kugawanya kwa 30, ambazo ni siku za kalenda, kunampunja mfanyakazi. Soma kwanza mkataba wa pamoja au mwongozo wa chuo, kwa kuwa kikiwa kimeweka kigawanyo, mahakama itaanzia hapo. Kama hakuna, dai kwa siku ulizokuwa ukifanya kazi kwa wiki na ueleze kwa nini.

Mabishano ya pili ni kama mshahara ni wa msingi tu au pamoja na marupurupu. Sheria inasema "malipo kamili". Dai mshahara uliokuwa ukiupokea ulipokuwa likizoni miaka ya nyuma: kama posho ya nyumba ilikuwa ikiingia wakati huo, hakuna sababu iondolewe leo.

13. Yanakatwa kodi?

Ndiyo. Malipo badala ya likizo ni mapato ya ajira. Msamaha wa kodi unaohusu pensheni hauyafikii.

## Njia ya mahakama

14. Nifungue wapi?

Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi, ile tunayoiita mahakama ya leba, ndiyo yenye mamlaka chini ya Katiba ya 2010. Ina vituo Nairobi, Mombasa, Kisumu, Nakuru, Nyeri, Eldoret na miji mingine. Tangu 2018, mahakimu maalumu nao husikiliza kesi za ajira za wale ambao mshahara wao ghafi hauzidi shilingi 80,000 kwa mwezi. Hati huwasilishwa kwa mtandao, na unaweza kujiwakilisha mwenyewe.

15. Lazima nianze kwa afisa wa leba?

Unaweza, na kwa madai madogo ni njia ya haraka na isiyo na gharama kubwa. Ila kumbuka swali la 9. Angalia pia kama mkataba wako wa pamoja una hatua za ndani za malalamiko, kwa maana chuo kinaweza kulalamika kwamba umeziruka. Usiende mahakamani bila barua ya madai iliyopokelewa na kugongwa mhuri. Asiyetoa barua hiyo anaweza kunyimwa gharama za kesi hata akishinda.

16. Nilitia saini hati kwamba sidai chochote tena. Nimefungwa?

Huenda. Mahakama ya Rufani imeheshimu hati za namna hii pale mfanyakazi alipotia saini kwa hiari akijua anachoacha. Mahakama pia imezikataa pale ilipoonekana alidanganywa, alishurutishwa, au hakuonyeshwa hesabu. Kuna hati iliyoorodhesha "likizo: siku 0" na kuna nyingine isiyotaja likizo kabisa; ya pili ina nafasi kubwa zaidi ya kupingwa, ukisaidiwa na kifungu cha 3 kilichotajwa katika swali la 6.

Kama bado hujatia saini, andika juu yake kwa kalamu: "Napokea bila kuacha dai langu la siku za likizo." Kisha piga picha.

17. Chuo kinasema nina masurufu, yaani fedha nilizopewa kwa shughuli za kazi, ambayo sikuyarejesha, kwa hiyo tumelingana.

Kifungu cha 19 kinataja makato yanayoruhusiwa, na chuo hakiwezi kubuni mengine siku ya kuondoka. Kidai masurufu hayo kwa hati: kiasi, tarehe, na vocha yenye saini yako. Kama ni ya kweli, kubali yaondolewe kwenye jumla. Kuyakana mbele ya vocha kutakuharibia dai zima.

18. Nimeshinda, lakini chuo hakilipi.

Chuo kikuu ni shirika lenye nafsi yake kisheria, si wizara. Kwa sababu hiyo wastaafu huomba amri dhidi ya akaunti zake za benki. Vyuo vya umma hujaribu kujificha nyuma ya kifungu cha 21 cha Sheria ya Mashauri ya Serikali, kinachozuia kukamatwa kwa mali ya Serikali. Mahakama ikikubali kinga hiyo, njia inayobaki ni kuchukua cheti cha amri, kukipeleka kwa chuo, kisha kuomba amri ya kumlazimisha afisa mhasibu alipe. Akikaidi, anajibu yeye binafsi kwa kudharau mahakama. Ni safari ndefu, na hesabu ya riba iendelee kudaiwa njia nzima.

## Hali za pekee

19. Mzee wetu alifariki kabla ya kulipwa. Familia inaweza kudai?

Inaweza, kwa kuwa deni ni sehemu ya mirathi yake. Lakini mjane au mtoto hawezi kusimama mahakamani kwa udugu peke yake. Ni lazima apate hati ya usimamizi wa mirathi. Palipo na haraka, iko hati ya muda kwa ajili ya kesi tu. Muda wa swali la 8 hausimami kwa ajili ya matanga, na kwa hiyo hati hiyo iombwe mapema. Aliyefariki akiwa bado kazini ana kanuni yake: mwajiri anatakiwa kulipa ndani ya siku 30 baada ya wasimamizi kuthibitisha mamlaka yao.

20. Nilifundisha kwa miaka kama mhadhiri wa muda, nikilipwa kwa saa. Nami nina siku za likizo?

Dai hili ni gumu. Aliyelipwa kwa kila kozi, akiwa huru kufundisha vyuo vingine, mahakama humwona kuwa mtoa huduma. Anayeonyesha kwamba alikuwa chini ya ratiba na usimamizi wa chuo kimoja mfululizo ana hoja ya kuitwa mwajiriwa, na hiyo ndiyo athibitishe kwanza.

21. Mimi nilistaafu chuo kikuu Tanzania Bara. Haya yananihusu?

Hapana, na kuyafuata kunaweza kukugharimu haki yako. Kwenu Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 inatoa siku 28 mfululizo, zikihesabiwa pamoja na sikukuu zinazoangukia humo, na ajira ikikoma siku zilizochumwa hukokotolewa kwa siku 1 kwa kila siku 13 za kazi. Muda ni mfupi mno ukilinganisha na Kenya: migogoro isiyohusu kuachishwa kazi hupelekwa Tume ya Usuluhishi na Uamuzi ndani ya siku 60. Mtumishi wa chuo cha umma ana kizingiti kingine, kwa kuwa kifungu cha 32A cha Sheria ya Utumishi wa Umma kinamtaka amalize kwanza ngazi za rufaa za utumishi wa umma kabla ya kugusa sheria za kazi. Mwone wakili wa huko wiki hii.